Kikombe Kimoja kwa Sufuria Tatu

Habari ilinikuta mashineni hapa Katesh, nikisubiri zamu yangu ya kusaga. Simu iliita, nikaipokea kwa mkono wenye unga, na sauti ya upande wa pili ikasema bila kuzunguka: "Mzee, Mwalimu wa Endagikot ametutoka. Tunazika keshokutwa." Nilisogea pembeni nikamwachia mtu wa nyuma zamu yangu, maana ghafla sikukumbuka nilikuwa nimekuja kusaga nini. Wasomaji wangu, wiki iliyopita niliwaahidi maneno juu ya vumbi la barabara yetu. Vumbi halina haraka, litatusubiri. Leo niacheni niseme juu ya mama huyu, ambaye hakuwa ndugu yangu, hakunifundisha, wala sikuwahi kukaa nyumbani kwake nikanywa chai. Tulijuana misibani na kwenye sherehe, yeye akiwa jikoni na mimi nikiwa kwenye foleni ya chakula, na kwa miaka mingi hilo lilitosha kabisa kuitwa kufahamiana.

Alikuwa mwalimu wa hisabati wa shule ya msingi, mstaafu. Wale aliowafundisha sasa ni watu wazima wenye vitambi, na mpaka leo wakisikia neno uwiano wanakaa wima. Alipostaafu, kanisa lake lilimkabidhi jiko la shughuli zote kubwa, misiba, harusi na kipaimara, naye akalichukua kama alivyokuwa akichukua darasa, yaani kwa sauti. Sitaki kumpamba kwa sababu amekufa. Alikuwa mkali, alipenda kujisifu, na alikuwa mbishi kiasi kwamba mchungaji mwenyewe alizunguka nyuma ya nyumba ili asipite mbele ya mafiga yake. "Mimi sipiki," alizoea kusema. "Mnaopika ni nyinyi. Mimi nasahihisha." Chombo chake kilikuwa kopo moja kubwa la bati lililowahi kuwa la mafuta ya kupikia, limebonyea ubavuni. Huku kwetu mtu akifiwa, majirani hawaji mikono mitupu. Huyu analeta mahindi kwenye sado, yule maharage kwenye ndoo, mwingine kayafunga kwenye kitenge. Mwalimu hakujali kitu kimekuja ndani ya nini. Chote kilipimwa upya kwa kopo lile, makopo matatu ya mahindi kwa kopo moja la maharage, na hapo ndipo makande yake yalipoanzia.

Mimi ni mtu wa makande, sifichi. Nimeyala Mogitu yakiwa na maziwa ya mgando pembeni, nimeyala Mbulu mjini asubuhi ya baridi, na nimeyala mahali pengi ambapo maharage yalitafutwa kwa kijiko kama mtu aliyeangusha pete shambani. Anayeyapenda anajua kwamba uhai wake uko kwenye maharage. Mahindi yanashibisha, lakini utamu na nguvu vinatoka kwa mwenzake. Kwa hiyo ukitaka kumjua anayeheshimiwa kwenye shughuli, usisikilize hotuba. Tazama ni sahani ya nani yenye maharage mengi. Siku za nyuma hilo lilikuwa wazi hata kwa mtoto: sufuria ya umati uwanjani ilikuwa nyeupe, na sufuria ya waliokaa kwenye viti vya kitambaa ilikuwa na wekundu mzito wa kupendeza.

Jiko la Mwalimu lilikuwa na sufuria tatu. Kubwa ilikuwa ya umati, ya kati ya wafiwa na wanakwaya, na ndogo ya wazee na wageni rasmi. Ya kati iliingia mara mbili ndani ya ile kubwa, na ndogo iliingia mara mbili ndani ya ile ya kati. Basi kwenye ndogo aliweka makopo matatu ya mahindi na moja la maharage. Ya kati ikapata sita kwa mawili. Kubwa ikapata kumi na mawili kwa manne. Ukichota popote, unakutana na maharage yaleyale kwa mahindi yaleyale. Mtu anaweza kusema hii ni hesabu ya darasa la sita na kila mtu anaijua. Ni kweli, kila mtu anaijua. Kuijua ni jambo moja, na kuisimamia mbele ya mwenyekiti wa kamati ya mazishi aliyevaa suti ni jambo jingine kabisa.

Nililiona jambo hilo kwa macho yangu siku ya kwanza nilipomfahamu. Tulikuwa tunamzika mzee mmoja pale Endagikot, baba wa rafiki yangu, na mimi nilikuwa nimekaa kwenye ukingo wa turubai karibu na moshi, maana kulikuwa na baridi. Mwenyekiti wa kamati alikuja jikoni kwa heshima zote, akakohoa, akasema kuna wageni wazito njiani, kwa hiyo Mwalimu awaongezee maharage kwenye ile sufuria ndogo. Hata makopo mawili tu. Mwalimu hakugeuka.

"Msiba huu ni wa watu wangapi?" aliuliza.

"Ni wa mmoja, Mwalimu. Marehemu ni mmoja."

"Na hao wageni wazito, wanamzika huyohuyo au wamekuja na wa kwao?"

Watu walianza kuinamisha vichwa ili wasicheke msibani. Mwenyekiti akasema, kwa sauti ya kubembeleza, kwamba sufuria yenyewe ni ndogo tu. "Udogo sikatai," Mwalimu akajibu. "Sufuria iwe ndogo, kubwa, iwe ya kuazima, mimi sina neno. Chakula kiwe kilekile." Kisha akachota mwiko mmoja kutoka kubwa, akachota mwingine kutoka ndogo, akaiweka ubavu kwa ubavu juu ya sinia mbele ya mwenyekiti, akamwambia aoneshe wa wageni ni upi. Mwenyekiti alitazama, akatazama tena, akarudi kwenye turubai. Mimi nilibaki nimekodoa macho kwenye lile sinia. Nimekula makande tangu nilipoota meno, na hiyo ilikuwa mara ya kwanza kuona kwamba mtu anaweza kuweka haki kwenye mwiko ikaonekana.

Pembeni yake siku zote alikuwepo mkwewe, mke wa mwanawe, mwanamke wa makamo aliyeolewa kutoka Mogitu. Huyu hakuwa na sauti kabisa. Alikoroga, aliongeza kuni, alishika kopo alipoambiwa shika, aliliachia alipoambiwa lete. Sikuwahi kumsikia Mwalimu akimsifu. Nilichosikia ni "haraka", "si hapo", na "hesabu tena". Mkwe aliitika "ndiyo, mama," akahesabu tena. Wengi tulimhurumia. Jirani yangu mmoja wa foleni alininong'oneza siku moja kwamba mama yule atamzeesha binti wa watu kabla ya wakati wake.

Ngoja niwapeleke Dongobesh sasa, kwenye kipaimara ambako Mwalimu aliitwa na sufuria zake, mwaka ule mvua zilipokatika mapema na maharage yakaungua shambani na maua yake. Watu walileta mahindi, lakini maharage hayakufika hata nusu ya mahitaji. Mwalimu alikuwa ameyagawa yale machache kwa kanuni yake ileile, sufuria zote zikawa nyeupe kwa usawa, na hakuna aliyelalamika. Chakula kilipokaribia kuiva, akatokea mfanyabiashara mmoja wa pale Dongobesh, Mwislamu, mtu mkarimu ambaye wazazi wake walikuja na biashara zao wakabaki. Jirani yake alikuwa na mtoto anayepata kipaimara, basi nyumbani kwake walikuwa wamechemsha maharage ya akiba yao na kuyaleta yakiwa moto, kwenye ndoo zenye mifuniko. Vijana waliobeba walifanya kile ambacho sisi sote huku hufanya. Kwetu, mtu akikuletea kitu kwenye shughuli hukiweki pembeni, maana ni kama unamwambia hakitakiwi. Unakipokea na kukimimina mbele ya macho yake, ili aone kimeingia. Nao walimimina, kwa furaha na kwa makofi, kwenye sufuria ya kwanza waliyoikuta, ile ndogo iliyokuwa karibu na lango.

Mwalimu alikuwa ameenda kuchukua chumvi. Aliporudi na kuiona ile sufuria imekuwa nyekundu kama udongo wa Mogitu, na zile nyingine mbili bado nyeupe, aliweka chumvi chini akaifunika. Mfanyabiashara akajaribu kuokoa jahazi. "Mwalimu, mimi nimetoa tu, hayana shida. Popote ni sawa."

"Wewe ukishatoa umemaliza kazi yako, na Mungu akubariki," alisema Mwalimu. "Kugawa ni kazi yangu. Wewe umeyaleta kwa ajili ya nini, sufuria ya langoni au sherehe?"

"Sherehe," alijibu yule bwana, ambaye nadhani hakuwa amejibu swali darasani kwa miaka mingi.

"Basi waliokuja kwenye sherehe wote watakula cha kwako."

Mwenyekiti wa sherehe ile akatoa wazo ambalo hata mimi niliona ni la busara. Tuchote maharage yaliyozidi, akasema, halafu kila sufuria ipate sawa kwa sawa, kopo kwa kopo. Mwalimu akachukua mwiko, akageuza mpini, akachora kwenye majivu maduara matatu: kubwa, la kati na dogo. "Ukiwapa kopo moja moja," alisema, "hii ndogo yenye watu wachache imeneemeka, na hii kubwa yenye watoto wote hawa haijaona kitu. Hiyo ni sawa ya mdomoni." Kisha akaandika ndani ya maduara: nne, mbili, moja. Katika kila makopo saba, manne yanakwenda kwenye kubwa, mawili kwenye ya kati, moja kwenye ndogo. Yakiwa kumi na manne, ni manane, manne, mawili. Yakiwa machache kuliko saba, shusha kopo chukua kikombe. Kikombe kikiwa kikubwa, chukua kijiko. Maharage yaligawanywa upya namna hiyo, kopo hadi kopo, matumbo yetu yakinguruma na mchungaji akitazama saa, na tulikula tumechelewa. Lakini nakumbuka watoto wale wa kipaimara, waliovaa nguo zao nyeupe, wakiinua vijiko vyao na kuoneshana maharage. Tangu siku hiyo nikiona watu wanagawana kitu chochote, macho yangu yanatafuta ile sufuria kubwa.

Na nikiwaza vizuri, mambo yetu mengi hugawanywa kwa mtindo wa wale vijana wa Dongobesh, tena bila ubaya wowote moyoni. Kitu kizuri kinakuja, tunashangilia, tunakimimina kwenye sufuria ya karibu. Aliye karibu na lango anapata, aliye mbali anasikia makofi. Ukiuliza, unaambiwa basi tutoe sawasawa kwa wote, kijiji chenye kaya chache na kijiji chenye kaya nyingi vipate kitu kilekile, na tunaona hapo tumemaliza ubishi. Siku hizi hata misiba yetu imepata wapishi wa kukodi wenye kofia na aproni, na meza mbili, moja ina vitambaa na maua ya plastiki. Siwalaumu, chakula chao ni kitamu na wanatabasamu, jambo ambalo Mwalimu hakulipenda sana. Ila hakuna anayeinuka kuuliza kama chakula cha meza zile mbili ni kimoja. Tumezoea kuona kwamba kuuliza hivyo ni kukosa adabu.

Basi turudi kwenye safari yangu. Nilifika Dongobesh siku moja kabla ya mazishi, na yule mfanyabiashara, ambaye tangu kipaimara kile amekuwa rafiki yangu, akanilaza kwake. Tukaondoka alfajiri na pikapu yake kwenda Endagikot, mahindi yakiwa nyuma. Maharage hakuwa nayo safari hii. Ulikuwa msimu ule mbaya ambao maharage ya mwaka jana yameisha ghalani na ya mwaka huu bado yako shambani. Ukungu ulikuwa mzito na macho yake yalikuwa barabarani. Halafu akaniuliza, "Mzee, kopo liko kwa nani sasa?" Nilimwambia sijui. Akatikisa kichwa. "Leo wageni watakuwa wengi. Walimu wenzake, wanafunzi wake, mpaka wakubwa wa huko juu aliowafundisha. Na maharage hakuna. Wakimpikia sufuria mbili tofauti kwenye msiba wake mwenyewe, mimi sitakula." Nilitaka kucheka, nikashindwa, kwa sababu nami nilikuwa nikifikiria jambo hilohilo tangu nilipotoka Katesh. Mwili wa mama yule ulikuwa na watu wa kuusindikiza wa kutosha. Kazi yake sikujua ina nani.

Tulipofika, moto ulikuwa tayari na sufuria zilezile tatu zilikuwa kwenye mafiga. Kopo lilikuwa mkononi mwa mkwe. Alikuwa amejifunga kanga ya msiba kichwani, macho yamevimba, na aliponiamkia "shikamoo" nilimsikia kwa shida. Maharage yaliyopatikana yalikuwa makopo saba tu, yaani kipimo cha kawaida kwa mahindi ishirini na moja, na watu walikuwa wakizidi kumiminika tangu asubuhi ile. Mwenyekiti wa kamati, yuleyule wa suti, sasa mwenye mvi, alikuja na mpango wake. Nawaomba msimchukie, alikuwa na uchungu kama sisi na alitaka marehemu aheshimiwe. Alisema mheshimiwa fulani yuko njiani, mwanafunzi wa marehemu, na ingekuwa aibu kwa familia kumlisha mahindi matupu. Sufuria ndogo ibaki na kipimo chake kamili, na mahindi ya kuongeza yaingie kwenye ile kubwa tu, kwa sababu watu wa uwanjani wanaelewa hali.

Wanawake wote wakamtazama mkwe, naye akatazama kopo. Niliona mfanyabiashara wangu ameacha kushusha magunia, amesimama na gunia begani. Mwenyekiti alidhani kimya kile ni kukubali, akawa anageuka. Hapo ndipo nilipoisikia sauti ya mwanamke yule kwa mara ya kwanza ikisema kitu ambacho si salamu wala "ndiyo, mama".

"Baba, samahani," alisema. "Tutaongeza mahindi. Ila tutaongeza kwenye sufuria zote."

"Mama, ukiongeza mahindi kwenye ndogo, maharage yatapungua kwa wageni."

"Yatapungua kwa wote, baba. Kila penye kopo moja la maharage, tunaongeza kopo moja la mahindi. Kubwa manne, ya kati mawili, ndogo moja. Ilikuwa tatu kwa moja, sasa ni nne kwa moja. Kila sahani itapungukiwa kidogo, na hakuna atakayeachiwa mzigo peke yake." Aliinua kopo. "Mama angekuwa hapa angekusahihisha kwa ukali. Mimi siwezi ukali. Nakuomba tu."

Mwenyekiti akavua koti la suti, akaliweka kwenye kiti, akaenda kumsaidia mfanyabiashara kushusha mahindi. Mimi machozi yalinitoka nikasingizia moshi. Miaka yote ile tulidhani mama mkwe anamtesa. Kumbe kila "hesabu tena" ilikuwa inamwekea kitu ambacho hakuna mtu angeweza kumnyang'anya siku kama ile, na yeye mwenyewe huenda hakujua kiko hapo mpaka alipofungua mdomo.

Lakini kilichonifanya niandike safu hii hakikuwa hicho. Mahindi yalikuwa yameshalainika na maharage yameshachanganywa, jua limepasua ukungu, ndipo akaja bibi mmoja kutoka bondeni, mzee sana, akitembea kwa fimbo. Mkono wa pili alikuwa ameshika kikombe cha bati alichokifunika kwa kiganja. Ndani mlikuwa na maharage mabichi, ya kwanza kabisa ya msimu, aliyoyachuma kwenye kijishamba chake chenye unyevu na kuyamenya njiani. Kikombe kimoja, tena hakikujaa. Sufuria ya langoni ilikuwa ileile ndogo, ikichemka hatua mbili kutoka aliposimama. Kijana mmoja akanyoosha mkono kukipokea akimimine, kwa heshima, kama ilivyo desturi yetu. Mkwe akamwahi.

Alimwamkia bibi, akapokea kikombe kwa mikono miwili, akapiga goti chini kabisa mbele yake. Akaomba kijiko na mabakuli matatu. Kisha akaanza: vijiko vinne kwenye bakuli la kwanza, viwili kwenye la pili, kimoja kwenye la tatu. Tena vinne, viwili, kimoja. Watu mia kadhaa walikuwa wakisubiri kula, kwaya ilikuwa inaimba, mheshimiwa alikuwa ameshafika na gari lake lilikuwa likitafuta pa kuegesha, na mwanamke yule alikuwa amepiga goti kwenye majivu akigawa kikombe cha maharage. Hakuna aliyemharakisha. Wanawake wa jikoni walisogea wakamzunguka. Kijiko kilipokosa cha kuchota, aligawa kwa punje: nne, mbili, moja. Kisha akainuka, akamwambia bibi aje, wakazunguka pamoja mafiga yote matatu, na kwenye kila sufuria akamwachia bibi amimine mwenyewe. Zile za sufuria kubwa zilipozama, sikuona tofauti yoyote. Nani angeona? Lakini nilivua kofia yangu, na nilipotazama pembeni nikaona mfanyabiashara naye kavua baraghashia yake.

Tulimzika Mwalimu saa tisa, chini ya anga safi, na hotuba zilikuwa ndefu kama zilivyo siku zote. Walimsifu kwa ukali wake, kwa imani yake, kwa wanafunzi wake wakubwa. Mheshimiwa alieleza jinsi alivyochapwa kwa kukosea uwiano, watu wakacheka vizuri. Mimi nilikuwa nikiwaza kile kikombe. Ninaandika safu, na wengi wetu tunaofanya kazi za aina hii tunaumia kwamba tunachokitoa ni kidogo mno kuweza kufika popote. Basi tunakitupa kwenye sufuria ya karibu tuondoke. Niliyojifunza kwa mama huyu, na kwa mkwewe baada yake, ni kwamba udogo wa kitu haumpi mtu ruhusa ya kukigawa hovyo. Kikiwa kidogo sana, ndipo kazi ya kugawa inapotaka goti lipigwe chini. Mtu aliyetembea na kikombe kutoka bondeni amekuja pamoja na sisi sote kumzika marehemu, na anastahili kutulisha sisi sote.

Nilipata sahani yangu kutoka sufuria kubwa, nikakaa kwenye nyasi. Makande yalikuwa meupe kuliko nilivyozoea, na maharage yake niliyala moja moja. Bibi wa bondeni alikuwa amekaa karibu, fimbo imelala mapajani, hajagusa sahani yake. Alikuwa akiwatazama watu, uwanja mzima wa watu, watoto, wanakwaya, wazee, na mheshimiwa aliyeketi kwenye kiti cha kitambaa akikwangua sahani. Alipoona namtazama, akatabasamu kwa meno machache aliyobakiwa nayo.

"Mwanangu," aliniambia, "unakula maharage yangu."

"Ndiyo, mama," nilimjibu. "Ni matamu."

Akaelekeza fimbo kwenye uwanja, polepole, kutoka upande mmoja hadi mwingine. "Wote," alisema. Nami sikumbishia, maana hesabu ilikuwa upande wake.